Dhyan Chand: Bingwa wa Mpira wa Magongo Aliyefika Pwani Yetu



Kamati ya gazeti hili iliponiomba niandike habari za mwanamichezo mashuhuri ambaye sasa ni marehemu, wenzangu wengi walitazamia kwamba ningemchagua mcheza kandanda au mkimbiaji. Nimemchagua mtu ambaye vijana wengi wa leo hawajapata kulisikia jina lake. Huyo ni Meja Dhyan Chand wa Bara Hindi, mcheza mpira wa magongo, mchezo ambao wengine huuita hoki.

Ninazo sababu tatu. Ya kwanza, wajuzi wengi wa mchezo huo husema kwamba tangu uanze hajatokea mchezaji aliyemshinda. Ya pili, mtu huyu alipata kuja Afrika Mashariki na kucheza mbele ya watu wa huku. Ya tatu, ambayo kwangu ndiyo kubwa, ni kwamba maisha yake baada ya kuacha kucheza yana fundisho kwa wanafunzi wa leo na kwetu sisi tuliokwisha kutoka shuleni. Fundisho hilo nitalieleza mwishoni.

Kwa ajili ya wale wasioujua mchezo, nitaueleza kwa ufupi. Kila upande una wachezaji 11. Kila mmoja ana gongo lililopinda ncha, na mpira ni mdogo na mgumu. Gongo lina upande bapa mmoja, nao ndio pekee unaoruhusiwa kuugusa mpira. Bao halihesabiwi ila mshambuliaji awe ameugusa mpira akiwa ndani ya nusu duara iliyochorwa mbele ya lango. Kwa hiyo nguvu peke yake haimfikishi mtu mbali. Inatakiwa mikono myepesi, macho makali na akili inayotangulia miguu.

Sisi tuliokulia katika milima hii ya Uluguru tuliwahi kuonja mchezo huo bila kuujua jina. Tulikata fimbo za mpera, tukafunga matambara kuwa mpira, tukapigana nao katika viwanja vyetu vya mteremko. Aliyeupiga mpira kwa nguvu aliutuma mpaka bondeni, na sheria yetu ilikuwa kwamba aliyeupoteza ndiye aende kuufuata. Basi tulijifunza upesi kuuweka mpira karibu na fimbo. Baadaye nilipoanza kusoma habari za Dhyan Chand niliona kwamba ustadi wake mkuu ulikuwa huo huo. Mpira haukuachana na gongo lake mpaka yeye mwenyewe atake.

Alizaliwa tarehe 29 Agosti 1905 katika mji wa Allahabad. Jina lake la asili lilikuwa Dhyan Singh. Baba yake alikuwa askari katika jeshi la Waingereza waliokuwa wakiitawala Bara Hindi, na kama ilivyo desturi ya askari, alihamishwa mara kwa mara pamoja na jamaa yake. Mwisho walipata kiwanja cha kujenga nyumba katika mji wa Jhansi, wakatulia hapo. Kuhamahama huko kulimgharimu mtoto. Alisoma kwa miaka sita tu, kisha akaacha shule. Naomba wanafunzi wauweke moyoni ukweli huo, maana tutaurudia.

Utotoni hakuwa mcheza magongo wa kusifika. Alipenda zaidi mieleka. Mwaka 1922, alipotimiza umri wa miaka 17, aliingia jeshini akiwa askari wa kawaida, na huko ndiko alikoushika mchezo kwa bidii. Kiongozi mmoja wa kikosi chake, Bale Tiwari, ambaye mwenyewe aliupenda sana mchezo huo, alimwona kijana ana kipaji akamfundisha misingi yake, na hasa kwamba mpira ni wa timu nzima. Inasimuliwa kwamba kwa kuwa mchana ulikuwa wa kazi za jeshi, kijana huyo alifanya mazoezi usiku kwa mwanga wa mwezi. Mwezi kwa Kihindi ni Chand, na ndivyo wenzake walivyoanza kumwita.

Mwaka 1926 jeshi la Bara Hindi lilipeleka timu New Zealand, na Dhyan Chand akachaguliwa. Walicheza michezo 21, wakashinda 18, wakatoka sare miwili na kushindwa mmoja tu. Aliporudi alipandishwa cheo kidogo cha kwanza. Kwa askari maskini aliyeishia miaka sita ya shule, gongo lilikuwa limemfungulia mlango ambao daftari halikumfungulia.

Miaka miwili baadaye Bara Hindi ilipeleka timu ya magongo katika Michezo ya Olimpiki kwa mara ya kwanza, mjini Amsterdam, nchi ya Uholanzi. Siku walipopanda meli Bombay mwezi Machi 1928, waliofika bandarini kuwaaga walikuwa watu watatu tu. Nahodha wao alikuwa Jaipal Singh, kijana kutoka jamii ya watu wa misituni waliodharauliwa sana, ambaye alikuwa amefika hadi Chuo Kikuu cha Oxford na kujiandaa kuingia utumishi wa serikali. Hakupewa ruhusa ya kwenda Amsterdam. Akaenda, na baadaye akauacha utumishi huo. Miaka mingi baadaye Jaipal Singh alikaa katika Baraza la kutunga Katiba ya India huru, akawatetea watu wake. Mimi niliye mtumishi wa serikali nimejiuliza mara nyingi kama ningethubutu kufanya alivyofanya.

Katika Olimpiki hiyo Bara Hindi iliifunga Austria mabao 6, Ubelgiji 9, Denmark 5, Uswisi 6, na siku ya mwisho, tarehe 26 Mei, ikaifunga Uholanzi mabao 3 mbele ya watu wake wenyewe. Jumla ni mabao 29, na mlinda lango wao Richard Allen hakufungwa hata moja. Dhyan Chand peke yake alitia mabao 14. Siku ya mchezo wa mwisho wachezaji kadhaa walikuwa wagonjwa, na yeye mwenyewe alikuwa na homa, lakini aliingia uwanjani. Meli iliyowarudisha ilipotia nanga Bombay, bandari ilijaa maelfu ya watu. Wale watatu wa Machi hapana shaka hawakuonekana tena katika msongamano huo.

Mwaka 1932 Olimpiki ilifanyika Los Angeles, Marekani. Ulikuwa wakati wa dhiki ya uchumi duniani, na nchi nyingi zilishindwa nauli. Katika magongo zilifika timu tatu tu: Bara Hindi, Japani na wenyeji. Safari hii Dhyan Chand alifuatana na mdogo wake, Roop Singh. Japani ilifungwa 11 kwa 1. Kisha Marekani ikafungwa 24 kwa 1, na katika mabao hayo Roop Singh alitia 10 na kaka yake 8. Wanaosema kwamba Wamarekani walikuwa bado wanajifunza mchezo wanasema kweli. Lakini timu hiyo ya Bara Hindi haikuishia hapo. Katika ziara nzima ya mwaka huo ilicheza michezo 37 ikashinda 34, na katika mabao 338 iliyotia, 133 yalitoka kwa Dhyan Chand.

Ajabu ni kwamba kabla ya safari hiyo wakuu wa kikosi chake walikuwa wamemnyima likizo ya kwenda kwenye mashindano ya kuchagua wachezaji. Wachaguzi wakampa nafasi bila ya kumjaribu. Alikuwa mtu wa sifa duniani, na papo hapo alikuwa askari mdogo asiyeweza kutoka kambini bila karatasi ya ruhusa.

Ukiuliza ni mchezo upi yeye mwenyewe aliuona bora katika maisha yake, haukuwa wa Olimpiki. Ulikuwa wa fainali ya Kombe la Beighton mjini Kalkuta, mwaka 1933, akiichezea klabu ya mji wake, Jhansi Heroes, dhidi ya timu ya Forodha ya Kalkuta iliyokuwa na majina makubwa. Wapinzani walishambulia karibu muda wote. Katika nafasi moja Dhyan Chand aliutuma mpira mrefu kwa mwenzake Ismail aliyekuwa anakimbia peke yake, naye Ismail akatia bao pekee la siku hiyo. Mfungaji mkuu wa dunia aliupenda kuliko yote mchezo ambao aliyefunga ni mwenzake, tena katika timu ya nyumbani.

Mwaka 1936 Olimpiki ilikuwa Berlin, Ujerumani, chini ya utawala wa Hitler, na safari hii Dhyan Chand ndiye nahodha. Mambo yalianza vibaya. Katika mchezo wa majaribio mwezi Julai walifungwa na Wajerumani 4 kwa 1, naye akakosa usingizi usiku huo. Simu ya haraka ikapelekwa nyumbani kumwita mchezaji Ali Dara, akafika kwa ndege wakati wa nusu fainali. Hungaria ilifungwa 4, Marekani 7, Japani 9 na Ufaransa 10, zote bila kupata bao. Ikabaki Ujerumani.

Fainali ilipangwa tarehe 14 Agosti, lakini mvua ikanyesha, ikaahirishwa mpaka kesho yake. Wachezaji walikuwa na wasiwasi. Katika chumba cha kubadilishia nguo, mmoja wa viongozi wao, Pankaj Gupta, alitoa bendera ya rangi tatu ya chama cha Congress kilichokuwa kinapigania uhuru, wakaisalimu kimya kimya, kisha wakatoka. Bendera iliyopepea uwanjani haikuwa hiyo, maana walikuwa bado watawaliwa. Hadi mapumziko walikuwa na bao moja tu. Katika kipindi cha pili Dhyan Chand alivua viatu vyake vya misumari, akacheza kwenye majani yenye utelezi kwa wepesi aliouzoea. Walimaliza 8 kwa 1. Bao hilo moja la Wajerumani ndilo pekee walilofungwa Bara Hindi katika mashindano yote, wao wakiwa wametia 38. Ilikuwa tarehe 15 Agosti. Miaka 11 baadaye, tarehe kama hiyo, India ikapata uhuru wake.

Zipo hadithi nyingi juu ya mtu huyu, na wanafunzi wanapaswa kuzitenga na historia. Husimuliwa kwamba gongo lake lilivunjwa ili watu watazame kama lina sumaku ndani. Husimuliwa pia kwamba Hitler alimwahidi cheo kikubwa naye akakataa. Mimi sizihesabu hizo kuwa ushahidi. Matokeo ya michezo yaliyoandikwa yanatosha, hayahitaji chumvi.

Vita vikuu vya pili vikazifuta Olimpiki za mwaka 1940 na 1944, na miaka ambayo pengine angepata medali nyingine ikapita katika sare za jeshi. Vita vilipokwisha alikuwa amevuka miaka 40.

Hapo ndipo habari zake zinapoingia kwetu. Wahindi waliokuwa wakiishi Afrika Mashariki, wengi wao wakiwa wajukuu na watoto wa wafanyabiashara na wajenzi wa reli, walikuwa wameuleta mchezo wa magongo na kuukuza katika vilabu vyao. Mwaka 1947 chama chao cha michezo kiliomba timu kutoka India, kikaweka sharti moja: Dhyan Chand awemo. Yeye akateuliwa nahodha. Timu ilikusanyika Bombay mwezi Novemba, miezi mitatu tu baada ya nchi kugawanywa kuwa India na Pakistan kwa damu nyingi. Wenzake wa zamani walikuwa wametengwa na mpaka. Lal Shah Bokhari, nahodha wa mwaka 1932, akawa mwanadiplomasia wa Pakistan. Ali Dara, yule aliyeitwa kwa haraka Berlin, aliiongoza timu ya Pakistan katika Olimpiki ya mwaka 1948.

Tarehe 15 Desemba 1947 timu ya Dhyan Chand ilifika Mombasa. Katika ziara hiyo yeye, mzee wa miaka 42, alicheza michezo 22 akatia mabao 61. Vijana wenye miaka 20 walimkimbilia wasimpate. Aliporudi kwao mwaka 1948 alianza kujitoa katika mashindano makubwa.

Sidai kwamba ziara moja iliotesha mchezo katika nchi zetu, kwa kuwa mbegu ilikwisha kuwapo. Lakini miaka tisa baadaye, mwaka 1956, Kenya iliingiza timu ya magongo katika Olimpiki ya Melbourne, na mwaka 1971 ikashika nafasi ya nne katika Kombe la Dunia la kwanza, huko Barcelona. Sisi Tanzania zamu yetu ilifika mwaka 1980 mjini Moscow, katika Olimpiki ambayo nchi nyingi ziligoma kwenda. Wengi tunaikumbuka kwa medali za fedha za Filbert Bayi na Suleiman Nyambui. Wachache wanakumbuka kwamba timu yetu ya magongo nayo ilikuwako. Mchezo wake na India ulikwisha kwa mabao 18 bila jibu, ikashika nafasi ya sita katika timu sita. Watu huwacheka, lakini hakuna timu nyingine ya Tanzania ya magongo ya wanaume iliyofika Olimpiki kabla yao. Na India hiyo hiyo ndiyo iliyotwaa medali ya dhahabu mwaka ule. Dhyan Chand hakuwahi kuona siku hiyo, kwa maana alikuwa amefariki miezi saba kabla.

Sasa nafika kwenye sababu yangu ya tatu. Mwaka 1952 alitoa kitabu cha maisha yake. Mwaka 1956, akiwa na miaka 51, alistaafu jeshi baada ya utumishi wa miaka 34, akijulikana kila mahali kwa cheo cha Meja, na serikali ya India ikamtunukia nishani ya Padma Bhushan. Akafundisha mchezo kwa miaka kadhaa, pamoja na katika chuo cha taifa cha michezo huko Patiala, kisha akarudi Jhansi. Alipata furaha ya kumwona mwanawe, Ashok Kumar, akitia bao la ushindi India ilipoifunga Pakistan 2 kwa 1 katika fainali ya Kombe la Dunia mwaka 1975, mjini Kuala Lumpur. Mwaka uliofuata, Montreal, mchezo ulihamia kwenye nyasi za bandia, na India ikashuka hadi nafasi ya saba. Mzee aliumia moyo.

Miaka yake ya mwisho ilikuwa ya shida ya fedha. Alipougua saratani ya ini alisafirishwa kwa treni hadi Delhi, akalazwa katika wodi ya kawaida, miongoni mwa wagonjwa ambao wengi hawakumtambua. Akafariki tarehe 3 Desemba 1979. Mwili wake ulichomwa, kwa desturi ya dini yake, katika uwanja wa klabu yake ya Jhansi, na jeshi likampa heshima zake. Baadaye ndipo heshima kubwa zilipofuata. Uwanja mkuu wa magongo wa Delhi ukaitwa kwa jina lake, siku yake ya kuzaliwa ikawa Siku ya Michezo ya taifa, na mwaka 2021 tuzo kuu ya wanamichezo wa India ikapewa jina lake pia. Yote hayo ni mema. Lakini jina lililoandikwa ukutani halimnunulii mgonjwa dawa.

Kazi yangu serikalini imenikutanisha kwa miaka mingi na majalada ya watu wanaostaafu. Nimejifunza kwamba malipo ya uzeeni huhesabiwa kwa karatasi: tarehe ya kuajiriwa, cheo, mshahara, vyeti. Hakuna mahali penye nafasi ya kuandika mabao. Mtu aliyeipa nchi yake medali tatu za dhahabu alihesabiwa kama askari mwingine yeyote aliyeanza chini kabisa akiwa na elimu ndogo. Walioipanga hesabu hiyo hawakuvunja sheria. Kasoro ni kwamba waliompigia makofi walidhani makofi yamekwisha kulipa.

Kwenu wanafunzi, nasema kama kaka yenu. Chezeni kwa moyo wote. Anayewaambia kwamba mchezo ni kupoteza wakati hajui jinsi askari mmoja wa Jhansi alivyowapa watawaliwa sababu ya kuinua vichwa. Lakini mtazameni pia Jaipal Singh, nahodha wake wa kwanza, aliyekuwa na gongo mkono mmoja na kitabu mkono wa pili. Medali yao ya mwaka 1928 ilikuwa ya namna moja, na uzee wao haukuwa wa namna moja. Anayewakilisha shule katika UMISSETA asitumie safari ya michezo kuwa udhuru wa kukosa masomo, na mwalimu asimsamehe masomo kwa sababu ameleta kikombe. Msamaha huo ni deni ambalo kijana atakuja kulilipa peke yake.

Kwenu wenzangu tuliomaliza, ninalo pendekezo la kuleta mkutanoni. Chama chetu kianzishe daftari la wanamichezo wa shule yetu hapa Matombo tangu mwanzo: jina, mwaka, mchezo, na yuko wapi leo. Kisha katika michango yetu ya kila mwaka tutenge sehemu, hata iwe ndogo, ya kuwatazama wale ambao afya au kipato kimewaangusha. Tusingoje msiba ndipo tukodi basi la kupandia huku kutoka Morogoro kwenda kutoa hotuba. Kila mmoja wetu anamjua angalau mmoja tuliyembeba mabegani siku ya ushindi, na sasa hatujui anakula nini.

Siku ya mkutano nitakaa karibu na mlango nikiwa na daftari jipya na kalamu. Njooni na majina.